Wimbo wa Kwanza wa Mwalimu Mwenzetu

Wahenga walisema kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi. Methali hii niliifundisha kwa miaka mingi katika chuo cha ualimu, kwanza nikiwa mkufunzi na baadaye mkuu wa chuo, na wanachuo wangu waliiandika vizuri madaftarini. Mimi mwenyewe nilichelewa kuielewa. Aliyenifundisha maana yake ni mwimbaji mmoja mzungu, mzaliwa wa Nairobi, ambaye wimbo wake wa kwanza ulipita bila kishindo.

Wakazi wa Tunduma wa rika langu hawahitaji kuelezwa nyimbo za kantri ni kitu gani. Mji wetu umekaa mlangoni. Ukivuka hatua chache uko Nakonde, Zambia, na malori ya shaba na mafuta yamekuwa yakipita hapa tangu ujana wetu. Madereva walikuja na kanda zao: Jim Reeves, Don Williams, Dolly Parton, Kenny Rogers. Jioni, foleni ilipogoma kusogea, milango ya malori ilifunguliwa na barabara nzima ikawa ukumbi wa muziki. Wazee waliozungumza Kinyamwanga na Kinyiha, wasiojua Kiingereza hata cha kuombea maji, walitikisa vichwa taratibu. Sauti ya mtu aliye mbali na kwao haihitaji mkalimani.

Katika kanda hizo ndimo nilimomsikia Roger Whittaker. Sauti yake ilikuwa nzito na tulivu, na alipiga mluzi kama ndege wa alfajiri. Wachambuzi wa muziki hubishana kama aitwe mwimbaji wa kantri, wa nyimbo za kienyeji za Kiingereza au wa pop. Madereva wetu hawakubishana. Walimweka katika boksi moja na Jim Reeves, nami nathubutu kusema hawakukosea.

Nilipopata habari za maisha yake ndipo nilipoketi sawasawa. Alizaliwa Nairobi mwaka 1936 na wazazi Waingereza, akakua akizungumza Kiswahili. Alianza masomo ya udaktari Cape Town, akayaacha baada ya mwaka mmoja na nusu, kisha akaingia idara ya elimu Kenya akawa mwalimu. Mwaka 1959 alikwenda Uingereza kujiendeleza, akasomea sayansi ya viumbe katika chuo kikuu cha Bangor, Wales. Kwa hiyo alikuwa mwalimu mwenzetu, mtu wa chaki na ubao.

Huko Bangor aliimba katika kumbi ndogo, na nyimbo zake zikatolewa kwenye santuri nyembamba za plastiki zilizogawiwa pamoja na gazeti la wanachuo. Kampuni ya Fontana ikamchukua, na mwaka 1962 ikatoa santuri yake ya kwanza ya kibiashara, "The Charge of the Light Brigade". Hata jina lake lilifupishwa, likaandikwa Rog. Mwaka huo huo ikafuata "Steel Men", wimbo wa Jimmy Dean, Mmarekani wa kantri aliyekuwa amevuma mwaka uliotangulia kwa "Big Bad John".

Mapokezi yalikuwaje? Santuri hiyo ya kwanza haikuingia katika orodha ya nyimbo zilizouzwa sana Uingereza. Aliendelea kuimba kumbini na katika televisheni ya Ireland ya Kaskazini. Mwaka 1967 mluzi wake ulimpatia jina katika tamasha la Knokke, Ubelgiji. Lakini orodha ya Uingereza hakuigusa mpaka mwaka 1969, kwa wimbo "Durham Town". Hesabu mwenyewe, ndugu msomaji: miaka saba. Kwa miaka mingi mwanafunzi wa darasa la kwanza alimaliza shule ya msingi katika muda huo.

Je, wasikilizaji wa mwaka 1962 walikosea? La hasha. Hapa ndipo uhakiki unapohitaji uadilifu. Jina la santuri ile ni jina la shairi la Tennyson juu ya vita vya Crimea vya mwaka 1854, ambalo kila aliyesoma mashairi ya Kiingereza analijua. "Steel Men" unahusu wajenzi waliokufa daraja lilipoanguka Vancouver, Kanada, mwaka 1958, na tayari ulikuwa na mwenyewe. Kijana wa Nairobi alikuwa amevaa koti la kuazima, na mikono ya koti hilo ilimzidi. Sauti ilikuwepo, ila mwenye sauti alikuwa hajafika.

Alifika lini? Kwa maoni yangu, alifika katika "The Last Farewell", yaani kwaheri ya mwisho. Historia ya wimbo huu ni fundisho kwa kila mhakiki. Aliwaomba wasikilizaji wa redio Uingereza wamtumie mashairi yao, naye ayatilie muziki. Mmoja aliyemtumia alikuwa Ron Webster, mfua fedha wa Birmingham. Wimbo ulirekodiwa mwaka 1971 na kukaa kimya kama wa kwanza. Mwaka 1975 mke wa msimamizi wa vipindi wa kituo kimoja cha redio cha Atlanta, Marekani, aliusikia akiwa safarini Kanada, akamwomba mumewe aupige. Wasikilizaji wakauliza maswali, na mwaka huo huo wimbo ukafika nafasi ya 19 katika orodha kuu ya Marekani na nafasi ya 2 Uingereza.

Maneno ya wimbo huo yaliandikwa na mtu mwingine, kama ilivyokuwa kwa "Steel Men". Tofauti ni nini basi? Ni kwamba "The Last Farewell" unahusu baharia anayeiacha nchi ya joto aliyoipenda na kurudi kwenye baridi na vita. Mwimbaji alikuwa mtu aliyeiacha Kenya mwaka 1959. Fundi wa Birmingham alimshonea koti bila kumpima, nalo likamkaa sawasawa. Kinachofanya wimbo uwe wa mtu ni kama ameyaishi anayoyaimba, hata kalamu ikiwa ya mwingine.

Kuna jambo sitalificha. Kijana huyu alitumikia jeshi katika Kenya Regiment kuanzia mwaka 1954, wakati wa Mau Mau, upande wa walioitawala nchi. Mwaka 1982 aliimba "My Land is Kenya", akiiita Kenya nchi yake. Wapo watakaouliza: yako kwa haki gani? Swali hilo ni halali, wala sauti nzuri haitoshi kulijibu. Hata hivyo naamini uchungu wa kuikosa nchi ulikuwa wa kweli. Mtu anaweza kuipenda nchi ambayo hakuitendea haki. Mwaka 1989 baba yake aliuawa na majambazi Nairobi. Naye alifariki Ufaransa mwezi Septemba 2023, akiwa na miaka 87.

Sasa nieleze kwa nini nimeandika haya. Mwaka 1983, usiku wa mahafali, mwanachuo mmoja kutoka pande hizi za mpakani alisimama na gitaa mbele ya chuo kizima. Aliimba wimbo wake mwenyewe, wa kwanza kuuimba hadharani. Ulikuwa wa Kiswahili, lakini sauti aliivuta puani kama Mmarekani, na ubeti wa kwanza na wa pili ulikuwa na farasi na nyika. Hapa kwetu farasi tumemwona vitabuni. Wenzake walipiga makofi. Mimi, mkufunzi wa lugha, niliombwa kutoa neno. Nikasema, "Bwana mdogo, ukimrudishia Jim Reeves mali yake, utabaki na nini?" Ukumbi ulicheka. Yeye pia alicheka kidogo, akaketi.

Nilisema kweli kuhusu kuiga. Lakini wimbo ule ulikuwa na ubeti wa tatu. Ndani yake mama yake alivuka mpaka usiku kutafuta sabuni na mafuta ya kula, naye mtoto akabaki akihesabu mbwa waliobweka mpaka arudi. Hakukuwa na farasi wala kuvuta pua katika ubeti huo. Ulikuwa wake.

Kwa miaka mingi nilijiambia kwamba sikuusikia vizuri. Leo, nikiwa na zaidi ya miaka sabini, sina sababu ya kujidanganya. Niliusikia. Mwaka 1983 ulikuwa mwaka wa msako wa wahujumu uchumi, na debe la mafuta kutoka ng'ambo lilitosha kumtia mtu matatani. Niliogopa wimbo huo kuimbwa katika ukumbi wenye wageni rasmi, nikauzima kwa mzaha kuhusu mtindo. Uhakiki wangu ulikuwa sahihi, na niliutumia kama blanketi la kufunikia woga.

Mwaka 2019 nilikutana naye sokoni Tunduma. Alikuwa amefundisha shule za msingi za Ileje na Mbozi mpaka akastaafu. Alinipokea mfuko, akasema, "Shikamoo, Mwalimu." Nikaitikia marahaba. Tuliketi kunywa chai, nikamwuliza habari za gitaa.

"Niliuza Nakonde, Mwalimu. Mwaka ule ule."

Nikamwambia kwamba ubeti wa tatu ulikuwa mzuri. Alinitazama kwa muda mrefu. Kisha akasema, "Kumbe unaukumbuka." Hakuongeza neno, nami sikupata la kuongeza. Chai ilipoisha alilipa yeye, nikashindwa kumzuia.

Sidai kwamba angekuwa Roger Whittaker. Waimbaji wengi wa santuri ya kwanza hawapati ya pili, na wengine hawastahili. Wapo pia wanaopokewa tangu mwanzo. Mwaka 2016, mwaka ambao Songwe ilitengwa na Mbeya ikawa mkoa, kijana wa Mbeya, Rayvanny, alitambulishwa na lebo ya WCB kwa wimbo uitwao "Kwetu", na vijana wa hapa waliuimba kila kijiwe. Mwaka uliofuata akatuzwa na BET Marekani. Tazama jina lake tu: alianzia nyumbani. Mwalimu wa Nairobi alizunguka kwanza Crimea na Vancouver.

Basi, kwa walimu vijana watakaosoma kurasa hizi, nina ombi moja. Mtoto akikuletea wimbo, shairi au insha yake ya kwanza, usikimbilie kumwonesha alichoiga. Atakuwa ameiga, kwani hajapata bado kingine cha kushikilia. Soma mpaka mwisho, utafute ubeti wa tatu, umwambie, "Hapa ni wewe." Ukiona woga umekushika kwa sababu ya ubeti huo, nyamaza kwanza. Woga wako si kosa lake.

Mimi nilikuwa na nafasi ya kusema maneno matatu hayo mwaka 1983. Niliyasema miaka thelathini na sita baadaye, juu ya kikombe cha chai, kwa mtu asiye na gitaa.