MUUMBA NA MCHONGAJI

Katika nchi ya Masasi na Newala jina la Mungu lina sura tatu: Mulungu kwa Wayao, Nnungu kwa Wamakonde, Muluku kwa Wamakua. Shina ni moja. Tofauti ni za sauti tu. Shida i katika tendo lake.

Karl Weule, aliyezuru huko mwaka 1906, aliandika hadithi ya asili ya Wamakonde. Mtu asiyeoga wala kunyoa alitoka mwituni huko Mahuta, akachonga sanamu ya mti, akaisimamisha makaoni pake. Usiku ikawa hai, ikawa mwanamke. Mfasiri akisema kwamba mtu huyo "alimwumba" mwanamke, ameiharibu hadithi. Yeye alichonga tu. Uhai ulikuja gizani, wala haisemwi umetoka kwa nani. Na kimya hicho ndicho kiini chake.

Kweli, umbo latokana na kuumba, na umbo laweza kukosa uhai. Lakini kiumbe, kwa desturi ya wasemaji, ni chenye pumzi, na Muumba hutajwa peke yake, ijapokuwa sarufi yaruhusu waumba. Basi kuwaita watunzi wa riwaya "waumba wa ulimwengu" ni kuwapa sifa ambayo hata yule wa Mahuta hakupewa.