Picha Ukutani, Jina Mdomoni

Wahenga walisema, mgeni njoo, mwenyeji apone. Msemo huu wapasa kupimwa kila mgeni ajapo na daftari na kamera.

Mwaka 1953 kilitoka London kitabu cha Hans Cory, mwanasosholojia wa serikali ya kikoloni Tanganyika, juu ya picha za ukutani za Bayeye, chama cha Wasukuma cha wacheza nyoka na waganga wa sumu yake. Picha hizo hazikuchorwa kwa ajili ya mpita njia. Zilikuwa somo la anayeingizwa chamani. Nazo zilikaa juu ya ukuta wa udongo, na udongo hauna mkataba na mvua. Kwa kuzihifadhi, Cory anastahili shukrani.

Ila shukrani si mwisho wa uhakiki. Mwaka 1945 Jean Dubuffet wa Ufaransa alibuni jina la "sanaa ghafi" kwa kazi za watu walio nje ya shule na kumbi za sanaa. Kapu hilo haliwafai Bayeye, waliokuwa na walimu, daraja na miiko yao. Aliye nje ya mlango ni mtazamaji.

Mpenzi wa ushairi wa pwani anacho kipimo. Miswada ya Muhamadi Kijuma wa Lamu, aliyefariki 1945, nayo ilivuka bahari mikononi mwa wageni kama William Hichens na Ernst Dammann. Lakini ilisafiri na maneno yake, na mkono ulioiandika ukatambulikana. Picha iliyong'olewa ukutani huacha nyuma sauti ya aliyeifundisha. Maelezo yake humfikia msomaji kwa Kiingereza, katika kinywa cha mgeni.

Jambo hili lingali hai. Runzewe, wilayani Bukombe, iliyokuwa Shinyanga hadi mkoa wa Geita ulipoundwa 2012, ipo kando ya barabara iendayo Rwanda na Burundi, ndani ya ukanda wa dhahabu. Huko nyumba za tope zinazipisha za tofali na bati. Atakayekwenda kuihifadhi sanaa ya wenyeji, na aanze na jina la msanii, kwa ridhaa yake, yafuate maneno, kwa Kisukuma au Kisumbwa, kisha tafsiri, picha iwe ya mwisho. Na nakala ibaki karibu, kama makumbusho ya Bujora, Kisesa, yalivyokaa miongoni mwa Wasukuma wenyewe.

La sivyo, mgeni atakuwa amekuja, na aliyepona ni yeye.