Ni Nini Kinachoishikilia Kusadikika Angani?

Nilimpa rafiki yangu anayesoma fizikia nakala yangu ya Kusadikika. Aliponirudishia, tukiwa tunakunywa chai hapa Rwezamenyo, hakuuliza lolote kuhusu Karama wala Waziri Majivuno. Aliuliza: "Nchi hii inaelea angani kwa nguvu gani?" Nilimjibu kama tulivyofundishwa: ni istiari tu, Shaaban Robert aliandika chini ya utawala wa Waingereza, ikambidi aifiche Tanganyika mawinguni. Hakuridhika. Nilipofikiri zaidi, niliona kwamba jibu langu lilikuwa la uvivu.

Wapo waandishi wanaolijibu swali hilo. Jonathan Swift, katika Safari za Gulliver (1726), kitabu kilichotafsiriwa kwa Kiswahili enzi za ukoloni, anaeleza kwamba kisiwa cha Laputa kinashikiliwa angani na sumaku kubwa iliyo katikati yake. Ncha moja ya jiwe hilo huvutwa na ardhi, ya pili husukumwa. Lakini sumaku hiyo hufanya kazi juu ya milki ya mfalme pekee, kwa sababu madini yanayoivuta hayapo kwingine. Hivyo fizikia ya kubuni inageuka kuwa siasa: nguvu ya sumaku inapokoma, ndipo utawala unapokoma.

Katika Kusadikika (1951) hakuna sumaku. Wajumbe wanatumwa pande sita, nne za dunia pamoja na mbinguni na ardhini, lakini hatupewi kanuni yoyote ya kumpandisha Ridhaa wala kumshusha Amini. Rafiki yangu aliliita hilo pengo. Mimi nadai kwamba jibu limeandikwa kwenye jalada. Kitenzi "sadikika" kiko katika kauli ya kutendeka: ni hali ya kuweza kuaminiwa. Nchi hii haina udongo wa kuibeba. Inabebwa na watu wanaoisadiki. Ndiyo maana kosa la Karama, kufundisha uanasheria, linaonekana kubwa kiasi kile. Anawafundisha watu kuuliza kabla ya kusadiki, na kwa nchi inayoelea hilo ni sawa na kuchimba msingi.

Rafiki yangu alichukua kalamu akaandika mlinganyo wake nyuma ya risiti: safari + maarifa = kifungo. Alikuwa anatania, lakini mlinganyo ule unajibu lawama tunayoitoa mara nyingi darasani, kwamba riwaya hii inajirudiarudia. Mimi mwenyewe nilipiga miayo nilipofika kwa mjumbe wa nne. Hata hivyo, katika maabara mtu hubadilisha kitu kimoja, mengine akayaacha yalivyo. Shaaban Robert anabadilisha upande mara sita, na matokeo ni yaleyale: anayerudi na maarifa anatiwa gerezani. Mjumbe mmoja akifungwa, tutasema ni bahati mbaya. Sita wakifungwa, hiyo ni kanuni, na kosa haliko Mashariki wala mbinguni, bali katika baraza linalowapokea.

Hapo ndipo mwisho wa riwaya unaponisumbua. Karama anashinda kwa ufasaha wake, na wafungwa wanaachiliwa. Upande mmoja wa mlinganyo umebadilika, lakini upande wa pili umebadilika nini? Baraza ni lilelile, na kiti cha mfalme ni kilekile. Kilichogeuka ni moyo wa msikilizaji, na moyo unaweza kugeuka tena kesho. Mwandishi ameipa hotuba nzuri kazi ambayo ilipaswa kupewa sheria, ilhali shujaa wake ni mwalimu wa sheria. Nadhani huo ndio udhaifu mkubwa wa kitabu hiki, nao unatokana na imani yake kubwa katika hekima ya wakubwa.

Kiswahili kilifanywa lugha rasmi ya Rwanda mwaka 2017, lakini rafiki yangu aliniambia kwamba hadi siku ile alikuwa hajawahi kubishana kuhusu fizikia kwa lugha hiyo. Kwake ilikuwa lugha ya sokoni. Tunaoisomea tutarudi mitaani na habari kwamba inaweza pia kubeba swali la nguvu ya uvutano. Sina hakika tutapokewaje. Ndiyo maana ningependa riwaya ingekuwa na mjumbe wa saba, aliyetumwa baada ya ushindi wa Karama, ili tuone mlangoni alipokewa na nani.