Lufufu na Ulinzi wa Hadithi

Derek Gaspar Mukandala, aliyejulikana kama Lufufu, aliisimulia upya kwa Kiswahili filamu ya Nijeria iitwayo Karishika, ambamo Shetani amtuma mwanamke wa kuzimu kuwanasa wanadamu. Hakutafsiri neno kwa neno. Alifafanua na kutia maoni yake. Je, aliilinda hadithi au aliivuruga? Twasema aliilinda, kwa kuwa wengi katika vibanda vya video vya Dar es Salaam hawakujua Kiingereza. Luther naye, katika waraka wake wa 1530 juu ya kutafsiri, alimtaka mfasiri amsikilize mtu wa sokoni (kwetu, Kariakoo), akatetea waziwazi neno “peke yake” aliloliongeza katika Warumi 3:28. Lufufu hatetei nyongeza zake. Sauti yake huwafunika wahusika, hata mtazamaji asijue ni Shetani wa filamu anenaye au wa msimulizi. Hapo twamlaumu, pamoja na wakalimani wa mahubiri yetu ya hadhara.