Mutesa na Vijana Waliomwamini

Katika insha zetu nyingi, Kabaka Mutesa wa Kwanza wa Buganda (1856–1884) husifiwa kuwa mfalme aliyeifungulia nchi mlango wa dunia. Alijifunza Kiarabu na Kiswahili, akajenga msikiti, akafuata kalenda ya Kiislamu. Kuanzia mwaka 1867 hivi aliamuru watu wafunge Ramadhani, na waliokaidi waliadhibiwa, wengine kwa kifo. Sifa hizo zina ukweli, ila zinaruka jambo moja zito.

Wanaopenda kulinganisha humtaja Peter Mkuu wa Urusi. Huyo, aliporudi kutoka Ulaya Magharibi mwaka 1698, aliwanyoa mabwana wake ndevu kwa mkono wake mwenyewe, na baadaye akawatoza kodi waliotaka kubaki nazo. Lakini Peter aliwaua waliomwasi. Mutesa aliwaua hata waliokubali alichowafundisha.

Vijana wa ikulu walisoma dini kwa bidii kuliko mfalme. Walijua kwamba Mutesa hakutahiriwa, kwa kuwa mila ilikataza damu ya Kabaka kumwagwa. Katika miaka ya 1870 Waislamu waliofika kutoka upande wa Misri wakawaambia kwamba haifai kuswali nyuma ya mtu wa namna hiyo. Basi vijana wakakataa aongoze swala, wakakataa na nyama iliyochinjwa na wachinjaji wake. Mwaka 1876 makumi kati yao walipelekwa Namugongo wakauawa. (Wengi wetu Namugongo tunaijua kwa mashahidi wa Kikristo wa 1886 tu.)

Kwa maoni yangu kosa halikuwa kuleta dini, kusoma wala kuandika. Mutesa alitaka dini iwe amri nyingine ya ikulu. Vijana walipopata ndani yake sheria iliyo juu ya Kabaka, usomi ukageuka uasi.

Sisi wa Pajulu tunaosoma Kiswahili tuna sababu ya kulitazama jambo hili kwa karibu. Lugha hii ilifika huku zaidi kwa midomo ya askari, na mwaka 1973 Idi Amin, ambaye ukoo wa baba yake ni wa Koboko, aliitangaza kuwa lugha ya taifa kwa amri. Nilipomwambia nyanya yangu kwamba nasomea Kiswahili, aliniuliza nimepangiwa kambi gani.