Shtaka na tuhuma: maneno yaliyopishana njiani

Mwanafunzi mmoja wa mwaka wa pili aliniletea tafsiri ya habari ya mahakamani yenye sentensi hii: "Mshukiwa alikana tuhuma zilizomo katika karatasi ya lawama." Kisarufi sentensi haina dosari. Lakini kosa la namna hii likitoka kinywani mwa mkalimani, anayeumia ni yule aliyesimama kizimbani.

Tuanze na shtaka. Asili yake ni kitenzi cha Kiarabu ishtaka, yaani kulalamika, chenye mzizi mmoja na shakwa, malalamiko. Maana hiyo haijafa. Mtoto anayemwambia mwenzake "nitakushtaki kwa mama" hana hati wala hakimu. Ana malalamiko tu. Mahakama ndiyo iliyolipandisha cheo neno hili hadi likawa kauli rasmi ya dola dhidi ya mtu, yenye kosa lililotajwa na kifungu cha sheria.

Tuhuma limekwenda kinyume. Katika Kiarabu cha sheria cha leo, tuhma ni shutuma rasmi, na muttaham ni yule tunayemwita mshtakiwa. Kwetu tuhuma ni shaka tu, jambo linalosemwa juu ya mtu kabla ya kufikishwa mahakamani. Mzizi wake una undugu na wahm, yaani dhana, kwa hiyo hapa Kiswahili ndicho kilichobaki karibu na asili. Ajabu ni kwamba mwanafunzi anayekijua Kiarabu huteleza hapa kuliko asiyekijua.

Magazeti nayo hayatusaidii. Utasoma kwamba "mshukiwa alikana mashtaka", hali mtu akishasomewa mashtaka si mshukiwa tena, ni mshtakiwa. Mengine humwita "mhalifu" siku ile ile ya kukamatwa, yakimhukumu kabla ya hakimu. (Kesi za madai zina balaa lao: mdaiwa ni aliyepelekwa mahakamani, na pia ni mwenye deni, hata kama hadaiwi senti.)

Hapa Uganda tuna ugumu zaidi. Hati inayomfikisha mtu Mahakama Kuu huitwa kwa Kiingereza indictment, na ile ya mahakama za mahakimu ina jina jingine. Tanzania, kwa Kiingereza cha sheria zake, huiita ya Mahakama Kuu information. Neno indictment lina asili ya Kilatini dictare, kutamka ili kiandikwe, likapitia Kifaransa cha kale. Herufi c iliongezwa baadaye na wasomi waliotaka lifanane na Kilatini, ndiyo maana haitamkwi. Uzito wa neno hilo uko kwenye maandishi. Uzito wa shtaka uko mdomoni, ndiyo sababu tunalazimika kuongeza "hati ya". Kwa mwandishi wa habari "hati ya mashtaka" yatosha. Kwa mkalimani haitoshi, hana budi kuongeza "ya Mahakama Kuu", maana uzito wa makosa na utaratibu wa kesi hutofautiana.

"Karatasi ya lawama" niliikata kwa wino mwekundu. Lawama hutolewa na mkwe au jirani. Tukaandika upya: "Mshtakiwa alikana mashtaka yote matatu aliyosomewa." Mwanafunzi akauliza kwa nini aliyosomewa, na si yaliyoandikwa. Nikamjibu kwamba sheria inataka hati isomwe na kufafanuliwa mbele ya mshtakiwa kabla hajaulizwa anakiri au anakana.