Kifungo, Kizuizini au Mahabusu? Kiswahili na Uhuru wa Mtu katika Ituri

Makala haya mafupi yanakusudia kuchunguza jambo moja katika Katiba ya Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo iliyotangazwa tarehe 18 Februari 2006, nalo ni uhusiano wa lugha na uhuru wa mtu. Ibara ya 17 yasema kwamba uhuru ndio kanuni, na kuwekwa ndani ni jambo la nadra. Ibara ya 18 inaamuru kwamba anayekamatwa aelezwe mara moja sababu za kukamatwa kwake, kwa lugha anayoielewa. Kwamba asishikwe na polisi zaidi ya saa 48. Na kwamba muda huo ukiisha aachiliwe au akabidhiwe mamlaka ya mahakama.

Katika mtaa kama Mudzipela, mjini Bunia, lugha hiyo mara nyingi ni Kiswahili, ilhali karatasi za mahakama huandikwa kwa Kifaransa. Kwa hiyo haki hii hupitia kinywani mwa mfasiri.

Tatizo la kwanza ni neno kufungwa. Katika mazungumzo ya kila siku, aliyekamatwa jana amefungwa, anayengojea hukumu amefungwa, na aliyehukumiwa miaka 10 amefungwa vilevile. Neno moja limefunika hatua tatu ambazo sheria imezitenga kwa makusudi. Tena, umbo lake la kutendwa humruhusu msemaji asimtaje mtendaji: hatujui kama ni polisi, mwendesha mashtaka au hakimu. Ndugu akiambiwa mlangoni kwamba mtu wake "amefungwa," hana la kuuliza. Angeambiwa kwamba yuko mikononi mwa polisi tangu saa fulani, angeweza kuhesabu saa 48.

Tatizo la pili ni la kuazima istilahi. Utaratibu wa jinai wa Kongo, ambao msingi wake ni dekreti ya tarehe 6 Agosti 1959, humwezesha hakimu kuagiza mtuhumiwa azuiliwe siku 15, muda ambao waweza kuongezwa mwezi kwa mwezi. Mfasiri atafutaye neno katika Kiswahili cha mashariki atakutana na kizuizini. Lakini neno hilo lina historia yake: nchini Tanzania, sheria ya mwaka 1962 ilimpa Rais uwezo wa kumweka mtu kizuizini bila kumfikisha mahakamani. Kulitumia Bunia kwa amri ya hakimu ni kumwashiria mtuhumiwa, bila kukusudia, kwamba hana mahakama ya kukimbilia. Mahabusu lafaa zaidi. Likiwa geni masikioni, na isemwe waziwazi: anangojea hukumu, kwa amri ya hakimu, mpaka tarehe fulani.

Suala hili si la wanaisimu peke yao. Germain Katanga, aliyekuwa kiongozi wa wapiganaji katika Ituri, aliomba tafsiri ya Kilingala badala ya kutegemea Kifaransa. Tarehe 27 Mei 2008 majaji wa rufani wa Mahakama ya Kimataifa ya Jinai, mjini The Hague, walitengua uamuzi uliomnyima, wakishikilia kwamba kuielewa lugha kikamilifu ni zaidi ya kuweza kuizungumza.

Huenda ikadaiwa kwamba utawala wa dharura wa kijeshi, ulioanza katika Ituri na Kivu ya Kaskazini tarehe 6 Mei 2021, uliyapita haya yote. Ni kweli kwamba ibara ya 61, inayoorodhesha haki zisizoondoleka hata wakati wa dharura, haiutaji uhuru wa mtu. Hata hivyo, inataja haki ya kujitetea na ya kukata rufani. Nani awezaye kujitetea dhidi ya tuhuma asiyoielewa?

Ibara ya 142 inaitaka serikali izisambaze sheria kwa Kifaransa na kwa kila moja ya lugha nne za taifa, Kiswahili kikiwemo, katika siku 60 tangu kutangazwa. Kazi hiyo yahitaji wataalamu wa Kiswahili watakaozipima istilahi kwa wasemaji wa Bunia wenyewe, kwa maswali matatu: nani ameamuru, kwa sababu gani, na mpaka lini? Istilahi isiyoyajibu yafaa iandamane na maelezo yanayoyajibu.